Mkalimani na Neno Kusafisha

Mkalimani hakulipenda neno kusafisha. Alisema ni neno la mtu mvivu, kama koti moja linalovaliwa shambani, kanisani na matangani. "Mtu akikuambia amesafisha," aliniambia, "muulize amefanya nini hasa. Ameosha? Amefua? Amefagia? Amepangusa? Akishindwa kujibu, jua kuna kitu anaficha."

Nilikuwa na miaka kumi na mitatu wakati huo. Baba yangu alikuwa fundi wa cherehani katika soko dogo lililozungukwa na chai, upande wa Sigowet. Sisi tulikuwa Wakisii, na soko lilikuwa la Wakipsigis, ingawa wageni hatukukosekana: mafundi, wauza ndizi, wachuma chai wa mashamba makubwa. Jumapili tulikaa wote katika kanisa moja la mabati. Kulikuwa na wazee wa pale wasiojua Kiswahili, na akina mama wa kwetu wasiojua Kikipsigis zaidi ya salamu na bei ya maziwa, kwa hiyo hakuna jambo lililosemwa mbele ya watu bila kupita mdomoni mwa Mkalimani. Jina lake nililijua, lakini sikuwahi kusikia mtu akimwita kwalo. Hata mkewe, wageni wakiwepo, alimwita Mkalimani.

Alisimama kushoto kwa mhubiri, nusu hatua nyuma, mikono ameishikanisha mgongoni. Mhubiri akipaza sauti, yeye hakupaza. Mhubiri akilia, yeye alingoja kilio kiishe, kisha akatafsiri maneno yaliyokuwa ndani ya kilio. Kiswahili chake kilikuwa kipana kuliko cha walimu wetu wote, ila ulimi wake haukukubali kutenganisha b na p, wala d na t. "Pwana asifiwe," alisema kila Jumapili, na sisi watoto tulijibu chinichini, "Pwana asifiwe," tukichekea kwenye leso za mama zetu. Alijua. Siku moja alinikuta nje ya kanisa akaniambia, "Mnanicheka kwa herufi. Herufi si neno. Siku nikikosea maana, hapo mnicheke."

Jumamosi alasiri, mvua ikishaanza kupiga mabati, alikuja kukaa kwa baba. Alileta nguo ya kushonwa kama kisingizio, mara nyingi suruali ileile iliyotoboka goti. Baba alilalamika tukiwa peke yetu kwamba mzee huyu anammalizia uzi kwa suruali isiyo na maisha, lakini hakuwahi kumkataza kiti. Nadhani hakuwa na mahali pengine pa kukaa. Watu walimheshimu, wakamsalimia kwa mikono miwili, kisha wakaenda zao. Anayejua maneno ya kila mtu haalikwi kwenye mazungumzo ya mtu yeyote.

Alichokuja kutafuta kwetu ni maneno. Alimuuliza mama yangu maswali ambayo hakuna mwanamume mwingine pale sokoni angemuuliza mke wa mtu. "Mama, nguo ukishaifua, yale maji ya pili ni ya nini?" Mama, akicheka, alimwambia hayo ni ya kusuuza, kuondoa sabuni. Mkalimani alilirudia neno hilo, kusuuza. "Kwa hiyo sabuni inatoa uchafu," alisema, "halafu inabidi sabuni nayo itolewe." Jumapili iliyofuata, mgeni alipohubiri habari za kutubu, nilimsikia akiingiza neno kusuuza mahali ambapo mhubiri hakulisema. Mama alinikanyaga mguu ili nisicheke.

Mimi pia alinifundisha, bila kusema kwamba ananifundisha. Mikono hunawishwa, mwili huogeshwa, vyombo huoshwa, nguo hufuliwa. "Ukisema umefua mtoto," aliniambia, "mtu atauliza ulimwanika wapi." Kutakasa aliliweka mbali na hayo yote. Hilo, alisema, mtu hawezi kujifanyia mwenyewe. Unaweza kunawa peke yako gizani, lakini kutakaswa lazima awepo mwingine.

Kilichomsumbua ni kwamba kwao hayo mawili hayakutengana. Kikipsigis kina neno tilil, na neno hilo ni la sufuria iliyosuguliwa vizuri na ndilo la Roho Mtakatifu. "Ninyi mna maneno mawili, sisi tuna moja," alimwambia baba. "Sasa nikisimama pale mbele, mhubiri akisema mioyo mitakatifu, bibi yangu anasikia mioyo iliyooshwa. Nani kati yenu amesikia vizuri?" Baba, aliyekuwa na sindano mdomoni, aliguna tu.

Nilifika kwake mara chache kupeleka nguo. Mkewe alikuwa mwanamke mwembamba, mpole, na mara zote nilimkuta akishughulika na vibuyu vya maziwa. Aliunguza kijiti cha mti wao maalumu, akakisugua kikiwa bado na moto ndani ya kibuyu mpaka ukuta wote ukawa mweusi tii, kisha akakung'uta masizi na kumimina maziwa. Nilimuuliza kwa nini anachafua kibuyu. Hakunielewa, nami sikujua kumuuliza kwa lugha yake. Mkalimani, aliyekuwa ameketi mlangoni akichonga mpini, alitafsiri swali langu, na wote wawili wakacheka mpaka nikaona haya. "Anasema huko ndiko kuosha," aliniambia. "Maji yangeoza ndani. Mkaa hauozi."

Nisije nikampamba. Mtu huyu aliyepima maneno ya usafi kama mawe ya mizani alikuwa mchafu kidogo. Kola yake ya Jumapili ilikuwa na ukanda wa jasho ambao mkewe alishindwa kuutoa kwa sababu hakumpa shati kwa wakati. Aliingia kanisani na gambuti zenye tope la shamba la chai. Mke wa pasta alipomwekea beseni la maji nje ya mlango, alilizunguka akaingia hivyohivyo. Alikuwa pia na ukali. Sokoni mganga mmoja alibandika karatasi ya kutangaza kwamba anasafisha nyota, na Mkalimani aliibandua mbele ya watu, akaikunja, akaitia mfukoni. Mganga alipomuuliza kisa, alijibu kwamba anaomba aonyeshwe nyota chafu kwanza.

Na aliwaudhi wazee wenzake. Walipoketi kuzungumzia kuwapasha wasichana tohara, yeye alisema neno hilo lilitoka mbali, na huko lilikotoka maana yake ni usafi tu. "Kama tunatafuta usafi wa hawa watoto," alisema, "maji yako mtoni na sabuni iko dukani." Hakuitwa tena kwenye vikao hivyo.

Kuna siku moja hospitalini ambayo nimeifikiria mara nyingi. Nilikuwa nimelazwa kwa malaria, na kwenye kitanda kilichofuata aliletwa mwanamke kijana wa Kipsigis aliyekuwa amepoteza mimba usiku uliotangulia. Daktari alikuwa mgeni, nesi wa zamu alikuwa mgeni pia, na huyo mama hakujua Kiswahili. Mtu alikumbuka kwamba Mkalimani yuko nje, amemleta mkewe kutibiwa kifua. Aliitwa. Alisimama kando ya kitanda vilevile alivyosimama kanisani, nusu hatua nyuma.

"Mwambie tutamsafisha," daktari alisema. "Dakika chache tu."

Mkalimani alimtazama yule mama. Daktari alirudia. Ndipo Mkalimani akainama, jambo ambalo kanisani hakulifanya kamwe, akamwambia yule mama maneno mengi kwa sauti ndogo. Mama alilia, kisha akaitikia kwa kichwa. Daktari aliuliza kwa nini yamekuwa marefu hivyo. Mkalimani alijibu kwamba lugha yao inazunguka.

Nilipopona nilimuuliza alimwambia nini.

"Kwamba tumbo lake limechoka, na watalisaidia kupumzika."

"Lakini daktari alisema kusafisha."

"Na kwetu, ukimwambia mwanamke aliyepoteza mtoto kwamba anakwenda kusafishwa, umemwambia ni mchafu." Alikuwa akiangalia chini, akikwangua tope kwenye gambuti kwa kijiti. "Daktari amesema neno lake. Mama amesikia neno lake. Mimi niko katikati, na huko katikati hakuna mtu mwingine wa kuuliza."

Nilimwona mkubwa kuliko daktari siku ile. Bado namwona hivyo. Lakini sasa najua pia kwamba hapo ndipo alipojifunza, au alipojidanganya, kwamba neno baya likizuiwa mdomoni haliwezi kufanya kazi yake.

Mwaka uliofuata ulikuwa wa kampeni. Mheshimiwa mmoja alikuja sokoni akiwa na magari matano na vipaza sauti. Sitasema alikuwa nani, na kwa kweli alizungumza kama wengi waliokuwa wakizunguka wakati ule. Alizungumza Kikipsigis, na kwa kuwa soko lilikuwa la mchanganyiko, Mkalimani aliitwa apande jukwaani. Sisi tulisimama mbele ya duka letu, baba akiwa na tepu ya kupimia shingoni.

Barabara, shule, bei ya majani ya chai, yote yalipita vizuri. Kisha Mheshimiwa alipunguza sauti, akasema sentensi moja polepole, akanyoosha kidole na kukizungusha juu ya paa za maduka. Watu wa pale walinyamaza. Wachache walipiga makofi. Mimi nilishika neno moja tu, tilil, na kwa kuwa nililijua kwa kanisani nilidhani ameanza kuomba.

Mkalimani hakutafsiri. Mheshimiwa alimgeukia.

"Anasema," Mkalimani alisema hatimaye, "soko letu ni chafu. Anataka tulisafishe. Kila mwenye duka afagie mbele ya duka lake."

Kicheko kilianzia upande wa vijana, kikaenea. Mheshimiwa, ambaye Kiswahili alikijua kama mimi na wewe, alimtazama Mkalimani kwa muda, kisha naye akacheka na kumpiga bega. Nilikuwa mtoto, lakini niliona uso wa Mkalimani. Alikuwa amelitumia neno alilolichukia, na alikuwa ameficha kitu ndani yake, kama alivyoniambia watu hufanya.

Alichosema Mheshimiwa hasa ni kwamba nyumba haiwi safi mpaka mgeni atolewe pamoja na mkeka wake. Hilo tulilijua baadaye. Siku ile baba hakulijua kabisa. Asubuhi iliyofuata alitoka na ufagio, akafagia mbele ya duka mpaka barabarani, akamwagia maji kuzuia vumbi. Wakisii wenzake walifanya hivyohivyo. Baba alisema kwa mara ya kwanza mwanasiasa amezungumza jambo la maana.

Wiki hizo wateja walianza kuja kuchukua nguo zao hata kabla hazijamalizika. Mmoja alichukua koti lenye mkono mmoja. Baba alidhani ni haraka ya Krismasi. Mkalimani alikuja Jumamosi moja, akaketi, hakuuliza neno lolote. Alipoinuka kwenda alimwambia baba, "Fundi, kwa nini usiwapeleke watoto kwenu likizo hii? Wakaone nyanya yao."

"Nauli imepanda, Mzee," baba alisema. "Labda Pasaka."

Mkalimani alisimama mlangoni muda mrefu, mvua ikimlowesha mgongo. Angeweza kusema. Sentensi moja ingetosha. Alisema, "Haya. Mungu awalinde," akaenda.

Duka letu liliteketezwa kabla mwezi haujaisha. Tulilala siku tisa kwenye uwanja wa kituo cha polisi, kisha lori likatupeleka kwetu. Hakuna aliyekufa kati yetu, na hilo mama alilirudia kila mara kama dawa. Lakini baba alipigwa mkono wa kulia, ule wa kusukuma kitambaa, na vidole viwili havikukunjika tena. Hakushona baada ya hapo. Huko kwetu ndiko mtu aliyeelewa Kikipsigis vizuri alikomweleza kile kilichosemwa jukwaani. Baba alisikiliza mpaka mwisho. Alisema neno moja tu, "Angetuambia," na mpaka anakufa sikumsikia akisema zaidi ya hilo kumhusu Mkalimani. Si kwa hasira. Alisema kama mtu aliyesahau kitu ndani ya nyumba akiwa ameshafunga mlango.

Yaliyotokea huko nyuma nilisimuliwa na mke wa pasta, niliporudi upande huo nikiwa mwalimu. Watu wawili walikuja kutoka Nairobi kuandika yaliyosemwa na yaliyotendeka. Mheshimiwa alikuwa ameshajitetea kwamba yeye alizungumzia takataka za sokoni, na kama kuna mwenye shaka, aulizwe mkalimani, kwani alitafsiri mbele ya watu wote. Basi wakamuuliza. Walimkalisha kwenye chumba cha shule, mlango wazi, wazee wakiwa nje wanasikia. Na Mkalimani akatafsiri upya. Safari hii hakuruka neno. Alisema sentensi yote, na mgeni, na mkeka. Kisha akasema, "Ile ya kwanza ilikuwa yangu. Hii ndiyo yake."

Kesi haikufika popote. Lakini Jumapili iliyofuata alipoinuka kwenda mbele, alikuta kijana wa chuo amesimama kushoto kwa mhubiri. Alirudi akaketi. Benchi lake lilibaki na yeye na mkewe tu. Maziwa yake yakakosa wa kuyapokea, na mtu akamkatia mistari minne ya chai. Mkewe alipokufa kwa kile kifua, waliochimba kaburi walikuwa wa kuhesabu kwa mkono mmoja. Baada ya hapo aliuza alichoweza, akahamia Chebunyo, kwenye kipande alichokuwa amenunua zamani kwa ajili ya ng'ombe.

Kwa miaka sikumtafuta. Nilifundisha Kiswahili, na kila nilipofika kwenye vitenzi vya kuosha nilisikia sauti yake, nikawaambia wanafunzi habari ya mtoto aliyeanikwa, wakacheka. Lakini nilikuwa na swali. Sikutaka kujua kama alikosea. Nilitaka kujua, pale mlangoni mvuani, ni huruma iliyomfunga mdomo au ni hofu. Nilijiambia jibu lake ningelipeleka kwenye kaburi la baba, ingawa mimi si mtu wa mambo hayo.

Nilikwenda mwaka jana, likizo ya Agosti. Chebunyo ni kukavu ukilinganisha na kwetu kwenye chai. Anga ni kubwa, na nyumba ziko mbalimbali. Nilimkuta ameketi kwenye kigoda kando ya ukuta, amejifunga blanketi, mdogo kuliko nilivyomkumbuka. Jirani, mama wa makamo anayempikia, alinikaribisha.

"Shikamoo, Mzee," nilisema. "Mimi ni binti wa fundi. Fundi wa cherehani, kule sokoni."

Alinitazama, akatabasamu, akasema kitu kwa Kikipsigis. Nilirudia. Akajibu tena kwa Kikipsigis.

"Kiswahili kiliisha," yule jirani aliniambia. "Aligonjeka kichwa mwaka juzi, upande mmoja ukakufa. Akaamka na hii yetu tu. Ile ingine yote ilienda."

Niliketi kwenye nyasi. Sijui kwa nini sikuwa nimefikiria kwamba jambo kama hilo linaweza kumpata. Nilikaa nikiangalia mkono wake uliokufa ukiwa juu ya goti, na nikajiuliza alikuwa akizungumza na nani siku nzima.

Mwishowe nilimwomba jirani anisaidie kumuuliza. Nilimweleza yote, duka, mkutano, siku ya mvua. Alinisikiliza kwa makini, uso ukibadilika kidogo, kisha akamgeukia Mzee. Swali langu lilikuwa refu. Lake lilikuwa fupi.

Mzee alinitazama tena. Halafu akaanza kuongea. Aliongea kwa muda mrefu, akipumzika, akiendelea, mate yakimtoka upande ule uliolegea, na jirani akimfuta kwa pembe ya leso bila kumkatiza. Sikuelewa. Lakini katikati ya maneno yale nilisikia "funti", kwa t yake ileile ya zamani. Baadaye nikalisikia tena, "funti", na mara ya tatu sauti ilimkatikia hapohapo, akasimama.

Jirani alikaa ameinamisha kichwa. Aliponigeukia alikuwa na tabasamu la upole.

"Anasema hakumbuki," aliniambia. "Ni mzee sasa. Anauliza kama ulisafiri vizuri."

Ningeweza kumwambia kwamba nimesikia. Ningeweza kuleta mtu mwingine kesho, kijana wa chuo, anitafsirie neno kwa neno. Nilimtazama huyo mama, jinsi alivyoshika ile pembe ya leso iliyolowa, na nikaona kwamba hakuwa akinidharau.

"Mwambie nimefika vizuri," nilisema.

Alimwambia. Maneno yangu yalikuwa matatu tu, lakini yeye alitumia mengi, kwa sauti ndogo, ameinama karibu na sikio lake. Mzee alisikiliza mpaka mwisho. Kisha akanyoosha mkono wake mzima, akaushika wangu, na hakuuachilia mpaka ng'ombe walipoanza kurudi nyumbani.